Somo: Kutamka majina na maneno ya Kiitaliano kwa mdomo wa Kiswahili

Miaka kadhaa nyuma nilitumwa uwanja wa ndege wa Moi, Mombasa, kumpokea mgeni wa kumpeleka Malindi. Karatasi niliyopewa ilikuwa na jina moja tu: MICHELE. Nikasimama nje pale wanapotokea abiria, kibao nimekiinua, macho yanatafuta mwanamke. Kila mama wa Kizungu aliyetoka peke yake nilimwita, "Mishel! Mishel!" Hakuna aliyegeuka. Pembeni yangu palikuwa na jamaa mwenye ndevu, begi mgongoni, ananitazama mimi, anakitazama kibao, ananitazama tena. Watu walipoisha akajigusa kifua: "Mi-ke-le. Sono io." Ni mimi.

Michele ni jina la kiume, ndiye Mikaeli wao. Nami nilikuwa nimesubiri bibi kwa karibu saa nzima.

Tangu siku hiyo nimeshika neno moja na ndilo nitakaloligongomea hapa: ulimi wetu hauna shida na Kiitaliano, shida iko kwenye jicho. Tumezoea kwamba neno lolote la Kizungu lisomwe kama la Kiingereza. Kiitaliano hakisomwi hivyo. Kinasomwa kama Kiswahili, herufi kwa herufi, isipokuwa herufi chache zina kazi tofauti na zetu. Ukizijua hizo, umemaliza sehemu kubwa ya safari.

Nitaandika matamshi kwa herufi zetu, na silabi yenye mkazo nitaiweka kwa herufi kubwa.

Hatua ya 1: Irabu usiziguse

A, e, i, o, u ni zilezile za kwetu. Kuna e mbili na o mbili, ya wazi na ya kubana: "pesca" yenye e ya wazi ni tunda la pichi, yenye e ya kubana ni uvuvi. Lakini wenyewe hutofautiana mkoa kwa mkoa, kwa hiyo achana nazo kwa sasa. Mgeni aliyeketi kwenye mashua na ndoana mkononi anajua hukuzungumzia tunda.

La kushika ni kwamba irabu ya mwisho haimezwi. Grazie ni "GRA-tsye", si "gras". Latte ni "LAT-te". (Na ukiagiza latte mjini Roma usishangae kuletewa glasi ya maziwa matupu, maana ndilo neno lao la maziwa. Ya kahawa ni caffellatte.)

Hatua ya 2: C na G, hapa ndipo penye kazi

Usiiangalie c yenyewe, angalia inayofuata. Ikifuatwa na a, o, u au konsonanti, ni k: casa, nyumba, ni "KA-sa". Ikifuatwa na e au i, ni ch yetu ya "chai": cena, chakula cha usiku, ni "CHE-na".

Sasa ikija h katikati, mambo yanageuka. H ya Kiitaliano haina sauti yake. Kazi yake hapo ni kuizuia c isilainike mbele ya e na i. Kwa hiyo ch yao ni k yetu, siku zote: Chiara ni "KYA-ra", Chianti ni "KYAN-ti", na yule mzee wangu wa ndevu ni "mi-KE-le". Isome tena polepole, kwa sababu ndiyo inayotutega sisi kuliko taifa lolote: ch yetu wao wanaiandika c, na k yetu wao wanaiandika ch.

Ukitaka ushahidi wa karibu, tazama ramani za Somalia za wakati wa utawala wa Italia. Kismayu imeandikwa Chisimaio. Mto Juba ni Giuba. Mogadishu ni Mogadiscio. Hawakuyapa majina hayo matamshi mapya. Waliyaandika walivyoyasikia, kwa kanuni zao, na ukiyasoma kwa kanuni hizohizo unarudi karibu kabisa na jina la mji.

G ni ndugu ya c. Mbele ya a, o, u ni g ya "gari". Mbele ya e na i ni j: gelato ni "je-LA-to", Luigi ni "lu-I-ji". Ikiingia h, inarudi kuwa g ya gari: Lamborghini ni "lam-bor-GI-ni". Na hapa watu wa pwani tujihadhari. Sisi tunaoitoa gh ya "ghali" na "lugha" kooni kwa ufasaha ndio tunaoiharibu spaghetti. Ni "spa-GET-ti", g ya gari, koo lipumzike.

Bado i moja yenye ujanja. C au g ikifuatwa na i halafu irabu nyingine, i hiyo mara nyingi haisemwi. Imekaa pale kama bawabu, inailainisha herufi kisha inanyamaza. Giovanni ni "jo-VAN-ni", si "ji-o-vani". Giorgio ni "JOR-jo", Luciano ni "lu-CHA-no", na ciao, ambayo watoto wa Malindi wanaijua kabla hawajaingia shule, ni "CHAO". Isipokuwa pale mkazo unapoiangukia i yenyewe, hapo inasikika: Lucia ni "lu-CHI-a", farmacia ni "far-ma-CHI-a". Hakuna alama ya kukuonyesha. Unajifunza kwa kusikia.

Mtihani wa hatua hii uko kwenye orodha ya vinywaji. Cappuccino: cc mbele ya i, basi "kap-puch-CHI-no". Macchiato: cch, basi "mak-KYA-to". Ukiweza kuagiza vyote viwili bila kujikwaa, songa mbele.

Hatua ya 3: Gn, gli, sc

Gn ni zawadi. Waingereza wanahangaika nayo, sisi tumezaliwa nayo: ni ny ya "nyota". Lasagne ni "la-ZA-nye", Bologna ni "bo-LO-nya", gnocchi ni "NYOK-ki". G haisikiki hata kidogo.

Gli haimo katika Kiswahili sanifu, lakini haiko mbali. Kama umewahi kumsikia Msukuma akisema "kulya" kwa maana ya kula, ni karibu sana na hapo: ulimi unalala juu kwenye kaakaa, l na y zinatoka pamoja. Famiglia ni "fa-MI-lya". Jina la karibu nasi ni la Luigi Broglio, ambaye kituo cha anga cha Waitaliano kule Ngomeni, kaskazini ya Malindi, kimepewa jina lake. Kutoka jukwaa la baharini la kituo hicho, San Marco, ndiko iliporushwa satelaiti ya Kimarekani tarehe 12 Desemba 1970, na kwa kuwa ilikuwa sikukuu ya uhuru wa Kenya ikaitwa Uhuru. Nimewasikia wenyeji wakimwita "Broglio" kwa g nzito iliyokamilika. Ni "BRO-lyo".

Sc mbele ya e na i ni sh: prosciutto ni "pro-SHUT-to", Brescia ni "BRE-sha". Ikipata h inakuwa sk: bruschetta ni "bru-SKET-ta", kisiwa cha Ischia ni "I-skya". Kanuni ileile ya h mzuiaji.

Hatua ya 4: Konsonanti mbili ni shadda

Hapa ndipo ninapowatambua waliojifunza Kiitaliano ufuoni kwa kusikia tu. Wanasema kila kitu sawa ila konsonanti mbili wanazifanya moja.

Waliopita madrasa, hili mnalijua bila kuambiwa: ni shadda. Unavyoikalia n ya "inna" na b ya "rabbi", ndivyo unavyoikalia n ya nonna na b ya babbo. Mdomo unafunga, unasubiri kidogo, kisha unaachia. Ambaye hakupita madrasa aseme "nne" ya hesabu, aone n ile inavyojivuta.

Si pambo. Inageuza maana. Nono ni wa tisa, nonno ni babu. Sete ni kiu, sette ni saba. Pala ni koleo, palla ni mpira. Na kuna mawili ya kukariri kabla ya mengine yote. Anno ni mwaka. Kijana anayetaka kusema ana miaka 20, "ho vent'anni", akiimeza n moja atakuwa ametaja sehemu ya mwili isiyotajwa mbele za watu. Penne, zile tambi za bomba, zikipoteza n moja zinakuwa kiungo cha mwanamume, na anayeaibika ni mhudumu aliyesimama na daftari. Mimi nimekuwa mhudumu huyo. Meza ilikuwa ya watu saba, na wote saba walicheka mpaka mmoja akafuta machozi kwa kitambaa cha meza.

Hatua ya 5: Mkazo

Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na Kiitaliano mara nyingi hufanya hivyohivyo: "mal-DI-ni", "fer-RA-ri", "mi-LA-no". Kwa hiyo kwa kubahatisha tu utapatia mara nyingi.

Tatizo ni yale yanayorudi nyuma silabi moja zaidi, na miji imejaa humo. "NA-po-li". "MO-de-na". "JE-no-va". "RI-mi-ni". "BER-ga-mo". "BRIN-di-zi". "TA-ran-to". Sisi husema "na-PO-li" kwa sababu mdomo umezoea. Ufanye kama unavyofanya kwenye "barabara": ile ya kupitia magari ni "ba-ra-BA-ra", ile ya kusema mambo yako sawasawa ni "ba-RA-ba-ra". Masikio yetu yanaijua tofauti hii, hayajaambiwa tu kwamba inafaa kwingine. Manahodha nao wana neno lao la kuangalia: "AN-ko-ra" ni nanga, "an-KO-ra" ni tena. Yote mawili huandikwa ancora.

Mkazo ukiwa kwenye irabu ya mwisho, wanaandika alama juu yake: caffè, città, perché, tiramisù. Hapo hakuna kubahatisha.

Hatua ya 6: Zilizobaki

Z ni "ts" au "dz", si z yetu. Pizza ni "PIT-tsa", Lorenzo ni "lo-REN-tso", lakini zero ni "DZE-ro". Wagiriama na Wadigo mtanisamehe kwa kuwafundisha msichohitaji: anayesema "tsano" na "madzi" nyumbani ana sauti zote mbili tayari. S kati ya irabu mbili mara nyingi huwa z, hasa kaskazini. R itetemeshwe, ikiwa mbili itetemeke zaidi. Qu ni kw: quattro, nne, ni "KWAT-tro". H mwanzoni ni pambo: ho, nina, ni "o". J ni nadra, na ikitokea kwenye majina ya zamani ni y.

Maswali ya wanachama

*Naendesha tuktuk Malindi. Sote tunasema "Piajio". Tunakosea?*

Kidogo tu, ndugu. Piaggio ni "PYAJ-jo": silabi mbili, j ya shadda, i ya mwisho imenyamaza. Na kama yako imeandikwa Ape, usiisome kwa Kiingereza ukadhani ni nyani. Ni "A-pe", nyuki. Vespa, pikipiki yao ile, ni nyigu. Kampuni moja, wadudu wawili.

*Mimi ni katekista Iringa. Tunalitamkaje jina la mwanzilishi wa Wamisionari wa Consolata?*

Giuseppe Allamano: "ju-ZEP-pe al-la-MA-no". G mbele ya i ni j, i imenyamaza, s kati ya irabu ni z, p na l za shadda. Shirika alilianzisha Torino mwaka 1901, na alitangazwa mtakatifu Oktoba 2024, kwa hiyo jina mtalisoma sana altareni. Mkimwita Yosefu Allamano hamjakosea lolote, ila msisahau l ya pili. Consolata ni "kon-so-LA-ta", hiyo mnaisema vizuri siku zote.

*Mwalimu, tuingie kwenye mpira. Watangazaji wanatuchanganya.*

Haya. Chiellini ni "kyel-LI-ni", si "chelini". Schillaci, yule wa mabao 6 kwenye Kombe la Dunia la 1990, ni "skil-LA-chi", na ukilichunguza jina lake lina karibu somo zima: sch, l mbili, c mbele ya i. Bonucci ni "bo-NUCH-chi". Ancelotti ni "an-che-LOT-ti". Inzaghi ni "in-DZA-gi", g ya gari tafadhali. Buffon anakwenda kinyume, mkazo uko mwisho: "buf-FON". Juventus ni "yu-VEN-tus", ndiyo ile j niliyosema ni y. Jorginho msinitwike: aliichezea Italia lakini alizaliwa Brazili, na jina ni la Kireno. Kanuni hizi hazimhusu.

*Mwalimu umesahau majina yanayotudanganya jinsia. Mimi napokea wageni, nimeshaandika "Bi. Andrea" mara mbili.*

Pole dada, tuko wengi. Andrea, kwa kawaida, ni mwanamume, naye ni "an-DRE-a". Nicola ni mwanamume, "ni-KO-la". Luca, mwanamume. Simone, "si-MO-ne", mwanamume. Simona ndiye mwanamke. Michele ameshasemwa. Mwanamke wake ni Michela, "mi-KE-la". Herufi ya mwisho husaidia mara nyingi, ila hao wachache waandike ukutani pale mapokezi.

*Nahudumu mezani Watamu. Mgeni Mwingereza akiagiza "brushetta", nimsahihishe?*

La hasha. Mwandikie, mpelekee mkate wake na nyanya zake. Ukifika jikoni iite kwa jina lake, "bru-SKET-ta", mpishi akusikie.

*Nipo Bergamo mwaka wa tatu. Wenyeji husema "KA-za", kitabu cha shule kinanifundisha "KA-sa". Na rafiki yangu wa Firenze anasema kitu kama "la HA-sa". Nifuate nani?*

Wote ni Waitaliano na hakuna anayekosea kwao. Kaskazini s kati ya irabu huwa z. Matamshi ya vitabuni, yaliyotoka Toscana, yanasema "KA-sa". Huyo wa Firenze anafanya jambo la kwao Toscana: k ikikaa kati ya irabu mbili inageuka pumzi, kama h. Wewe uko Bergamo, sema "KA-za" kama jirani zako. Ile h usiiige. Ikitoka kwa mtu ambaye si Mtoskana, watu hudhani anawafanyia mzaha.

*Kwa nini Waitaliano wakiitaja Zanzibar inasikika "Dzandzibar"?*

Kwa sababu wanaisoma z yao. Hawana neno la kwao linaloanza kwa z laini kama yetu ikifuatwa na irabu, kwa hiyo mdomo unakwenda kwenye dz wenyewe. Ni kosa letu la "na-PO-li" likitazamwa kutoka ng'ambo.

*Konsonanti mbili nashindwa. Nikivuta naonekana kama nina kigugumizi.*

Unavuta mahali pasipo. Usirudie herufi, ikalie. Kwenye "sette" ulimi unagusa nyuma ya meno na kunyamaza, kama umeshtuka, halafu ndipo "te" inatoka. Na irabu iliyotangulia uifupishe. Jaribu na mtu aliyekupa mgongo: mwambie "sete" au "sette", akuambie umesema kiu au saba. Akipatia mara kumi mfululizo, umefika.

*Naitwa Charo, nahudumu hotelini, jina liko kifuani kwa herufi kubwa. Wageni wote wa Kiitaliano wananiita "Karo". Nimewasahihisha nimechoka. Ni dharau?*

Si dharau, ndugu yangu. Wanakisoma kibao chako vizuri kabisa, kwa kanuni ya hatua ya 2: ch ni k. Ukitaka wakuite unavyoitwa nyumbani, omba kibao kipya kilichoandikwa CIARO. Ila fikiria kabla hujakibadilisha. "KA-ro", caro, kwao ni "mpendwa", na ndivyo wanavyokuita kila asubuhi unapoleta kahawa. Maana yake nyingine ni "ghali", na hiyo nayo, bili ikifika, haina ubaya.